Hata Kiti cha Kuziba Shimo Kimeibwa

Jumanne, mvua ilipokatika, mguu wangu wa kulia ulizama kwenye chemba isiyo na mfuniko mpaka pajani. Kariakoo, saa mbili asubuhi, mbele za watu. Maji yalikuwa yametanda barabara nzima, na mkononi nilikuwa na vitumbua vya moto. Vitumbua vilipona. Kiatu mpaka leo sijakiona.

Aliyenivuta ni kijana wa bodaboda. "Pole sana, mama. Wewe wa tatu leo."

"Sasa si mngeweka hata alama?"

"Tuliweka kiti. Kimeibwa."

Kiti chenyewe kilikuwa cha miguu mitatu! Nilicheka huku goti linavuja damu.

Tukiulizwa nani kaiba mfuniko, sote tunajibu: mateja. Haya. Lakini teja hali chuma. Mfuniko ule hauingii mfukoni wala kwenye kikapu. Unapakiwa kwenye mkokoteni, unakatiza mitaa, unafika kwa mnunuzi wa vyuma chakavu, unawekwa kwenye mizani. Mtu mwenye akili zake timamu, aliyekunywa chai nyumbani kwake, anasoma kilo, analowesha kidole, anahesabu noti. Haulizi kitu. Mimi nikitaka laini ya simu nabonyezwa dole gumba na kudaiwa namba ya NIDA. Chuma cha barabarani, ambacho kila mtu anakijua kwa sura, kinauzwa kama mchicha. Huyo wa mizani ndiye mwizi wangu. Teja ni kuli wake tu.

Nakiri, mifuniko ya zege imesaidia. Kidogo. Mpaka lori la mzigo liipande, ipasuke, nondo zichungulie, na jamaa wazifuate na nyundo.

Kule Barabara ya Samora yule Askari wa shaba, ile sanamu, kasimama tangu 1927 na hakuna aliyempima kilo. Labda kwa sababu ana bunduki.

Manispaa sitaisema leo, nimechoka.

Asubuhi hii nimepita tena. Wamesimika tawi la mwarobaini shimoni, bado bichi, na kileleni wamefunga rambo jekundu, sijui wamelitoa wapi maana yalipigwa marufuku Juni 2019. Mama ntilie wa pale pembeni ameshaanika kitambaa chake cha vyombo juu yake.