Mlango Una Sheria, Kigango Kinangoja Waziri

Mlango wa Lamu uliochongwa mwaka 1945 umetajwa na sheria ya Kenya. Kigango cha Kigiriama, yaani nguzo ya mti ya kumkumbuka mzee aliyefariki, kilichochongwa mwaka huohuo, huku bara ya Malindi, hakikutajwa. Sheria ya Makumbusho na Urithi wa Taifa ya mwaka 2006 inasema kitu kinacholindwa ni mlango au miimo ya mlango iliyochongwa kwa mtindo wa Kiafrika au wa Mashariki kabla ya mwaka 1946, kisha inaongeza: au kitu kingine chochote waziri atakachokitangaza. Mti wetu sisi watu wa mjini uliandikwa. Mti wa jirani zetu uliachiwa hiari ya waziri.

Siwaonei gere watu wa Lamu. Milango yao imeng'olewa vya kutosha ikapambe nyumba za kifahari Nairobi na ng'ambo, na bila kifungu hicho pengine ingebaki kwenye picha tu. Naanza na mlango kwa kuwa mjadala wa hapa Malindi kuhusu vigango vilivyong'olewa na kuuzwa ng'ambo huanzia kwingine, kwa mwizi au kwa Mzungu au kwa uchawi, na sheria yenyewe ikapita pembeni bila kuulizwa neno.

Mwaka 2023 Makumbusho ya Jimbo la Illinois, kule Marekani, yalirudisha vigango 37 kwa Makumbusho ya Taifa ya Kenya. Kabla ya hapo, mwaka 2019, makumbusho ya Denver yalirudisha 30. Kila shehena inapofika hoja ni zilezile mbili. Ya kwanza ni kwamba hii ni sanaa, na sanaa ni ya walimwengu wote, basi na ikae mahali ambapo mchwa hawafiki. Ya pili ni kwamba viliibwa, kwa hiyo virudi. Mimi niko na hawa wa pili, lakini hoja ya kwanza ina nguvu kuliko wenzangu wanavyotaka kukubali, na ni haki isikilizwe mpaka mwisho.

Watozi, yaani wakusanyaji wa sanaa, na wauzaji wanasema hivi. Vigango vilivyouzwa miaka ya 1970 na 1980 vilikuwa vimesimama kwenye mahame. Familia ilishahamia shamba jingine, nyasi zimeota kiunoni, hakuna anayekuja kuwamwagia wazee mnazi, yaani tembo. Vijana wa mji huohuo, yaani boma lilelile la ukoo, wengine wameshaokoka, wengine wamesilimu, waliving'oa wenyewe wakavipeleka kwenye maduka ya vinyago ya Malindi na Mombasa, na vikauzwa mchana kweupe. Mnunuzi alilipa, akasafirisha, akavionyesha, na watu waliowaita Wagiriama waabudu sanamu wakaanza kuwaita wachongaji. Bila soko hilo, wanasema, mti ungekuwa vumbi. Ukiongeza kanuni ya mnunuzi aliyenunua kwa nia njema, na muda wa kufungua madai ambao umeshapita, mwanasheria wao ana kesi nzuri. Nami naongeza jambo ambalo watetezi wa vigango hawapendi kulisema: kigango hakikuwa cha kila maiti. Ni cha mzee wa chama cha Gohu, mwenye mali ya kuingilia chama na watoto wenye uwezo wa kuchinja mbuzi na kununua mnazi wa kulisha wageni. Maskini alipata kigingi kidogo cha koma, yaani cha mzimu wa marehemu. Haki ya kijamii haikuanza kupotea siku Mzungu aliposhuka kwenye ndege.

Sasa tulitazame hilo neno mahame, maana kesi yote ya mnunuzi imeegemea hapo.

Kwa mila, kigango hakihamishwi. Mji ukihama, kinabaki pale kiliposimikwa. Waliohama wakitaka koma zao ziwe karibu, wanachonga kigingi kipya kule waendako. Kigango cha zamani kinasimama, kinaliwa na mvua na mchwa, kinaanguka, na hakuna anayeona hasara, kwa sababu huko kuanguka nako kumo katika kazi yake. Marehemu hukaa hapo. Husemeshwa hapo, hulishwa hapo, na akipuuzwa huwatokea watu wake ndotoni akidai. Kwa hiyo anayesema alikuta mti umetupwa amekuta kaburi lisilofagiliwa. Hapa Malindi tuna makaburi ya nguzo, mengine ya kabla Vasco da Gama hajatia nanga mwaka 1498, na bado sijamsikia mtu akisema nguzo zile zimetelekezwa kwa hiyo zichukuliwe.

Halafu miji ilihama kwa nini? Sababu moja ni ya kawaida, ardhi kuchoka. Sababu nyingine zina nambari na mihuri. Sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908 ilitaka kila mwenye kudai ardhi ya mwambao alete madai yake, na ardhi isiyodaiwa ikawa ya Serikali ya Kifalme ya Uingereza. Waarabu na Waswahili wenye karatasi walidai, na tusijifanye hatujui wazee wetu walikuwa upande gani. Wamijikenda wengi, Wagiriama wakiwemo, ambao ardhi yao ilikuwa ya ukoo, wakageuka maskwota kwenye mashamba waliyoyalima. Mwaka 1914, baada ya Mekatilili wa Menza kuwalisha watu kiapo cha kuukataa utawala wa Mwingereza, Kaya Fungo, msitu mtakatifu wa Wagiriama, ililipuliwa kwa baruti na Wagiriama wa ng'ambo ya mto Sabaki wakaamriwa wahame. Skwota akifukuzwa hapewi siku ya kuwaaga wazee wake. Kwa hiyo baadhi ya mahame hayo yalitengenezwa na sheria, na miaka sitini baadaye sheria ya biashara ikaja kuyaita mali isiyo na mwenyewe.

Jambo linalonikera kuliko yote ni mwaka 1895. Chini ya sheria hiyohiyo ya mwaka 2006, na chini ya sheria ya mwaka 1983 iliyoitangulia, kitu cha kale ni kile kilichotengenezwa Kenya au kuletwa Kenya kabla ya mwaka 1895. Mwaka huo ndio Uingereza ilipotangaza himaya yake Afrika Mashariki. Yaani kipimo cha ukale wetu ni siku bendera yao ilipopanda. Kitu kilichochongwa mwaka 1894 ni urithi. Kilichochongwa mwaka 1896 ni mti mpaka itangazwe vinginevyo. Sasa chukua kigango. Mti unaosimama nje kwenye jua la Ganze na mvua za masika ukidumu miaka themanini umedumu sana. Basi karibu kila kigango kilichokuwa kimesimama wima wakati wezi wanapita, miaka ya 1970 na 1980, kilikuwa kimechongwa baada ya 1895. Tafsiri ile ilikilinda kile ambacho mchwa walikuwa wameshakimaliza. Mwizi aliyekuwa na wakili angeweza kuisoma mbele ya hakimu bila kuona haya.

Mlango wa Lamu uliepuka mtego huo kwa sababu mwandishi wa sheria aliujua. Aliwahi kuuona, labda alipita chini yake, akauongezea tarehe yake maalumu na kuufungulia kifungu. Kigango hakikuwa na mtu wake chumbani siku ile sheria inaandikwa. Naweza kukubali kwamba hakukuwa na ubaya, ni kusahau tu. Lakini kusahau nako huwa na mpangilio, na hapa pwani mpangilio huo tunaufahamu: mji wa mawe una kumbukumbu, mji wa makuti una maigizo ya kuonyesha watalii.

Kodi nayo ina kisa chake. Sheria ya kodi ya Marekani humpunguzia kodi mtu anayetoa kitu chake kwa makumbusho, kwa kadiri ya thamani ya kitu hicho. Ndiyo njia halali kabisa iliyofanya vigango viingie makumbusho kadhaa ya Marekani, kutoka mikononi mwa watu wenye majina. Sasa geuza safari. Chuo Kikuu cha Jimbo la California, Fullerton, kiliporudisha vigango tisa, vilikwama uwanja wa ndege wa Nairobi kwa sababu forodha ilitaka ushuru, dola zipatazo 47,000. Aliyekitoa kule alipunguziwa kodi, anayekirudisha huku anatozwa. Forodha haikuvunja sheria. Iliona mbao zenye thamani ya soko zikiingia nchini, ikafanya hesabu. Ila thamani hiyo ya soko ni ileile iliyoundwa na wizi, na serikali ya mwenye kuibiwa ikaitumia kumtoza mwenye kurudisha. Huu mfano wa ushuru nimeuzungusha kichwani mara nyingi kuliko ilivyo lazima, nakiri, lakini kila nikiuzungusha unazidi kuwa mchungu.

Wamarekani wenyewe, ni haki kusema, hawakulazimishwa na sheria. Wana sheria ya mwaka 1990 inayoyataka makumbusho yarudishe mifupa na vitu vitakatifu kwa makabila asilia ya nchi yao. Mgiriama hayumo. Denver na Illinois walirudisha kwa kuona haya tu. Kuona haya ni jambo zuri, lakini halina kifungu, na mkurugenzi mwingine akija anaweza asilione.

Hapo ndipo hoja ya watozi inapotubana kweli. Vigango vinarudi Nairobi, kwa taasisi ya taifa, na vingi haijulikani vilitoka mji gani. Waliovinunua hawakuuliza jina la marehemu. Kigango kisichojulikana ni cha nani hakiwezi kusimikwa popote, maana huwezi kumlisha mzee wa ukoo mwingine uwanjani kwako. Kwa hiyo kinatoka ghala la Marekani kinaingia ghala la Kenya, na mtozi anatuuliza tumepata nini. Jibu langu si zuri sana. Tumepata kwamba anayeamua sasa yuko karibu, na mzee wa Marafa, huku bara ya Malindi, anaweza kupanda basi akaenda kuangalia kama ni kaka yake. Ni kidogo, lakini Springfield, yaliko makumbusho ya Illinois, hakuna basi la kutoka Marafa.

Kisa kinachojulikana cha kigango kurudi hadi uwanjani kwake kilitokana na picha. Mwaka 1985 mtafiti Monica Udvardy alimpiga picha mzee mmoja karibu na Kaloleni akiwa na vigango viwili vya ndugu zake. Muda mfupi baadaye vikaibwa. Mwaka 1999, kwenye mkutano wa wataalamu wa Afrika, mwenzake Linda Giles alionyesha slaidi, na humo kimoja kikaonekana, kiko Illinois. Cha pili kikagunduliwa Chuo Kikuu cha Hampton, Virginia. Mwaka 2007 familia ilisimikiwa kigango chake. Mzee alikuwa ameshafariki. Bila ile picha kusingekuwa na madai yoyote, kwa kuwa ushahidi wa familia yenyewe, yaani kumbukumbu, ndoto, maradhi yaliyofuata baada ya wizi, hauna mahali pa kukaa mbele ya hakimu wala mbele ya bodi ya makumbusho.

Katiba ya mwaka 2010 ilijaribu kupatengeneza mahali hapo. Ibara ya 11 inautambua utamaduni kuwa msingi wa taifa, na ibara ya 40 inasema ulinzi wa mali hauhusu mali iliyopatikana kinyume cha sheria. Sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa na sanaa za jadi ikaenda mbali zaidi: jamii ndiyo mwenyewe, ridhaa yake itafutwe kabla ya matumizi, na kaunti ziweke rejista. Kwa sheria hii, hoteli inayopanga vigango vya kuiga kando ya bwawa la kuogelea ina swali la kujibu, hata kama vilichongwa juzi na fundi aliyelipwa vizuri. Sijui wenye hoteli wangapi wameisoma.

Rejista naiunga mkono, kwa hofu moja ambayo nimeipata kwa wazee na naiona ya kweli. Ukiandika kigango kiko mji wa nani, kijiji gani, na picha yake, umemwandikia mwizi orodha ya bidhaa. Na kuna jambo zito zaidi. Katika kaunti hii ya Kilifi wazee wanauawa kwa kusingiziwa uchawi, mara nyingi na watu wa damu yao, na mara nyingi nyuma ya shutuma kuna shamba. Mzee mwenye koma uwanjani, anayeonekana akimwaga mnazi na kusema na mti, ni rahisi kumnyooshea kidole. Rejista ya kaunti iliyobandikwa ofisini kwa chifu inaweza kumlinda kigango ikamuua mwenye kigango.

Kwa hiyo rejista isikae kwa chifu. Ikae kwa wazee wa Gohu wenyewe, nakala moja ifungwe kwa lakiri mahakamani Malindi, ifunguliwe tu siku mtu anapodai au siku makumbusho ya nje yanapouliza. Bunge nalo likiifungua sheria ya 2006, liongeze vigango na koma kwenye mstari uleule wa milango, bila tarehe, na liviondolee ushuru vinavyorudi. Gharama ya kusimika upya, mbuzi, mnazi, chakula cha wageni, familia nyingi hazina, na hilo sijaona bajeti ya kaunti wala msamaria wa Marekani aliyelitaja. Yuko tayari kulipa ndege ya kigango, lakini bei ya mbuzi hajaiuliza.