Seli haijiui, inapukutika

Wiki mbili zilizopita mwanafunzi wangu mmoja alibaki darasani wenzake walipotoka. Nilikuwa nimemaliza kufundisha apoptosisi, na kama tufanyavyo wengi tukiona nyuso zimeganda, somo lote nilikuwa nimelimwaga kwa Kiswahili: seli ikiharibika, au isipohitajika tena, inajiua. Nililitamka neno hilo labda mara kumi katika kipindi kimoja. Inajiua ili mwili upone. Inajiua kwa heshima. Hata hilo la heshima nililisema, kwa sababu lilinoga mdomoni.

Binti akasimama mbele ya meza yangu. "Mwalimu, kwa hiyo asiyehitajika akijiua anawasaidia waliobaki?"

Habari za kwao nilizijua. Mwaka uliopita walimzika kaka yake, na walimu wote tuliambiwa alivyofariki. Nilizijua, na bado dakika arobaini nzima nilikuwa nikilirudia neno lile mbele yake, nikilipamba.

Nilimwambia hapana. Nilimwambia seli si mtu, na kwamba hakuna mtu asiyehitajika. Tulikaa tukazungumza mpaka kengele nyingine ikalia, na yaliyobaki ya mazungumzo yale ni yake na yangu. Lakini neno ni letu sote tunaofundisha, tunaotafsiri na tunaoandika habari za afya kwa Kiswahili, na hilo siwezi kulinyamazia.

Nilirudi kutafuta jina lenyewe lilikotoka. John Kerr, mwanapatholojia wa Australia, alikuwa akichunguza maini ya panya katika miaka ya 1960 alipoanza kuona seli mojamoja zikisinyaa na kumeguka vipande, huku zilizo jirani zikiendelea na shughuli zao. Mwanzoni aliiita hali hiyo nekrosisi ya kusinyaa; nekrosisi ni seli kufa kwa kuumizwa. Baadaye akaungana na Andrew Wyllie na Alastair Currie kule Chuo Kikuu cha Aberdeen, Uskoti, nao wakaridhika kwamba jambo hili halifai kuitwa nekrosisi hata kidogo. Wakamwendea James Cormack, profesa wa Kigiriki wa chuo hichohicho, wamwombe jina. Akawapa apoptosis. Makala yao ilitoka mwaka 1972 katika British Journal of Cancer, na humo wakaeleza kwamba Wagiriki walilitumia neno hilo kwa petali zinazodondoka kwenye ua, au majani yanayodondoka mtini.

Majani yanayodondoka mtini! Sisi neno hilo tunalo. Mtoto analijua kabla hajajua kuandika. Majani hupukutika.

Mnaona kinachoniuma? Wale watatu lugha yao haikuwapa jina la kuwaridhisha, wakaenda kuliazima kwa Wagiriki. Sisi tulilokuwa nalo linakaa juu ya lile la Kigiriki kama kifuniko juu ya chungu chake, tukalipita, tukaenda kuchukua "kujiua". Ni kweli, nakubali kwa shingo upande, kwamba wanasayansi wenyewe hupenda kusema seli inajiua, tena wakubwa wao. Wana sababu: zana zote za kuivunja seli zimo ndani ya seli yenyewe tangu mwanzo, na kazi kubwa ya kuvunja inafanywa na vimeng'enya vyake. Sawa. Lakini hiyo ni tamathali waliyoiweka juu ya jina. Sisi tumeichukua tamathali tukaifanya ndiyo jina.

Tena tazameni maneno haya mawili yalivyoundwa. Katika "jiua", ile -ji- inamtaka mtu: mwenye nafsi, aliyekusudia, aliyejigeukia mwenyewe. Huwezi kuisikia bila kumtafuta huyo mtu na kujiuliza kilichompata. Katika "pukutika", ile -ik- ni ileile ya vunjika, mwagika, kunjika. Jambo linatokea. Hakuna nafsi inayotafutwa wala anayelaumiwa. Kiswahili kina kauli nzima ya kueleza yanayotendeka bila kumtaja mtenda, na seli ndiyo hasa inayoihitaji kauli hiyo.

Halafu lifuateni jani lenyewe, maana hapa ndipo neno linapozidi kuwa la kweli. Watu hudhani jani hupukutika kwa kuwa limekufa na upepo umelipiga. Sivyo. Kwenye shina la kikonyo chake mti hutengeneza tabaka la seli za kuachana, huku virutubisho vilivyomo kwenye jani, nitrojeni hasa, vikivutwa kurudishwa mtini. Seli za tabaka lile huachiana, jani linakwenda, na pale lilipokuwa pamekwisha kuzibwa. Kazi hii inafanywa na seli zilizo hai. Vunja tawi likiwa na majani mabichi uliache lining'inie: majani yatanyauka, yatakauka, yatageuka rangi ya udongo, na bado yatabaki yameng'ang'ania tawi kwa muda mrefu. Yamekufa lakini hayakupukutika.

Hiyo ndiyo tofauti ya apoptosisi na nekrosisi, na tangu utotoni tunaitazama mitini. Seli iliyoungua, au iliyokatiwa damu ghafla, huvimba, utando wake hupasuka, na vilivyomo humwagikia jirani; mwili huitikia kwa joto, wekundu, uvimbe na maumivu. Seli inayopukutika hufanya kinyume. Husinyaa. Kiini chake hujikusanya, DNA hukatwa vipande kwa mpangilio, utando hutoa mapovumapovu, kisha seli nzima hugawanyika kuwa vifurushi vidogo vilivyofungwa pande zote. Kisichomwagika hakimuunguzi jirani. Ndiyo maana mabilioni ya seli zako zinakwenda hivi kila siku nawe husikii lolote.

Na hilo la kusema seli imejiamulia, lina ukweli gani? Seli nyeupe ya kinga ikikuta seli iliyoingiliwa na virusi, huitoboa utando na kupitisha vimeng'enya vya kuanzisha mchakato. Hapo imejiua? Seli changa za neva ndizo zinazonigusa zaidi. Mwili unapojengwa huzalisha neva nyingi kuliko zitakazobaki, na kila moja hunyoosha mkono wake kutafuta mahali pa kushika. Zinakoelekea hutolewa protini kidogo ambayo, kwa neva, ni kama kuambiwa "kaa". Iliyoipata hukaa. Iliyoikosa hupukutika. Rita Levi-Montalcini na Stanley Cohen walipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1986 kwa kugundua protini za namna hiyo zinazochochea ukuaji. Kwa hiyo hata pale tunaposema seli imejiondoa yenyewe, mara nyingi imekosa neno kutoka kwa wenzake. "Kujiua" kunafuta hayo yote na kuibakiza seli peke yake na uamuzi wake, na hilo si kweli kibiolojia, mbali na maumivu linayomletea binti wa watu.

Yuko mnyoo anayepaswa kuwa darasani kila apoptosisi inapofundishwa. Anaitwa Caenorhabditis elegans, ana urefu wa karibu milimita 1, na mwili wake unapenya mwanga, kwa hiyo seli zake huweza kufuatwa moja baada ya nyingine kwa hadubini. John Sulston na wenzake walifanya hivyo, kwa uvumilivu ambao nikiufikiria nashindwa kusema. Ukiacha seli za uzazi, mnyoo huyu aliye jike na dume pamoja huzalisha seli 1,090 anapokua. Kati ya hizo, 131 hupukutika. Hubaki 959. Mnyoo mwingine, zilezile 131, kwa mpangilio uleule. Robert Horvitz akaja kuonyesha jeni zinazoendesha mchakato huo, na mwaka 2002 yeye, Sulston na Sydney Brenner wakapewa Nobel. Zipo jeni ambazo kazi yake ni kuifanya seli jirani iimeze ile inayoondoka, na ikaonekana kwamba umezaji huo wenyewe husaidia kuimaliza seli iliyokuwa bado inasitasita. Nani anaweza kutazama hesabu ya 131 inayorudi vilevile kila mara, jirani akiwa ametia mkono, akasema hapa kuna mtu aliyekata tamaa?

Mikono yako nayo. Kwenye mimba changa mkono ulikuwa kama kasia, vidole vikiwa vimeunganishwa na nyama. Seli za katikati zikapukutika, na wiki ya 8 ilipokwisha vidole vilikuwa vimeachana. Bata alibaki na utando miguuni kwa sababu za kwake nyingi hazikupukutika. Nimesema "zilijiua kati ya vidole vyako" kwa miaka, na sasa sentensi hiyo naiona mbaya hata kuitazama.

Wapo wanaosema tubaki na "kifo cha seli kilichopangwa". Ni sahihi kwa mengi lakini ni pana mno: siku hizi zinajulikana njia nyingine za seli kufa kwa utaratibu wa ndani, zikiwemo ambazo mwisho wake ni kupasuka na kumwaga kila kitu. Wapo wanaosema "apoptosisi" yatosha. Kwenye mtihani yatosha, na mwanafunzi ataikariri aipate, lakini mgonjwa hataielewa. Na wanaoandika "kuoza kwa seli" wanisamehe, hilo ni kosa tupu.

Mwenzangu ninayefundisha naye alinipinga kwa hoja moja niliyoilalia usiku mzima. Alisema watu nao hupukutika: maradhi yakiingia, tunasema watu walipukutika, maana yake walikufa kwa wingi. Ni kweli, na sina namna ya kulifuta. Neno lina kifo ndani yake. Lakini linalozungumziwa pale ni wingi na kuanguka, na haliwasemi walioanguka kwamba walitaka. Jibu langu ni hilo tu, na kama kuna anayeona halitoshi, alete neno bora. "Kujiua" asilete.

Kuna faida nyingine, na hii ndiyo ninayotamani waandishi wa habari za saratani waisikie. Neno letu linazaa. Pukutika, pukutisha, pukutishwa, mpukutiko. Saratani nyingi zina tatizo hilihili: seli ambazo zingepaswa kupukutika hazipukutiki. Iko protini iitwayo BCL-2 inayozizuia, nayo iligunduliwa kupitia aina ya saratani ya tezi za limfu ambamo jeni yake ilikuwa imehamishwa kromosomu na kuachwa ikifanya kazi kupita kiasi. Mwaka 1988 David Vaux na wenzake kule Melbourne walionyesha kwamba protini hiyo haizifanyi seli zizaane haraka, inazifanya zisife. Kutoka hapo safari ikafika kwenye venetoclax, dawa inayoizuia BCL-2, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2016 kwa aina fulani ya saratani ya damu. Sasa mwelezeni mgonjwa. Mnaweza kumwambia dawa hii inazilazimisha seli zako zijiue, akae na sentensi hiyo kichwani usiku akiwa peke yake. Au mnaweza kumwambia: seli hizi zilikataa kupukutika, na dawa hii inaondoa kinachozizuia. Ya pili haitishi, na ndiyo iliyo karibu zaidi na jinsi dawa inavyofanya kazi. Nimejaribu mno kutafuta sababu ya kuchagua ile ya kwanza, sijaiona.

Kipindi kilichofuata nilirudi darasani nikafuta kichwa cha somo. Niliwaambia wanafunzi kwamba juma lililopita nilitumia neno baya, nikawaomba walikate kwenye madaftari yao. Sikutazama upande wa yule binti. Sikutaka ajue kwamba ni kwa ajili yake. Nikaandika ubaoni: seli hupukutika. Nikachora mti, nikachora kikonyo na tabaka la kuachana, nikachora na tawi lililovunjika na majani yake makavu yaliyogoma kuanguka. Kwa miaka yote niliyofundisha mada hii kwa neno lile jingine, darasa lilikuwa likinyamaza nikimaliza. Waliandika, wakafunga madaftari.

Safari hii mkono ulinyooshwa nyuma, kijana ambaye huwa hasemi. "Mwalimu, yakipukutika, nani anayafagia?"

Sikuwa nimefika huko. Nilifuta nusu ya ubao nikaanza kuchora upya: utando wa seli wenye pande mbili, na mafuta yaitwayo fosfatidiliserini ambayo seli yenye afya huyaficha upande wa ndani. Mpukutiko ukianza, mafuta hayo hugeuzwa yakatokeza nje, na kwa jirani huo ni mwito wa kuja kuichukua. Nikawachorea makrofaji, lile jiseli kubwa lenye kumeza, likizungusha mikono yake kwenye kifurushi kimoja baada ya kingine kabla hakijapasuka. Likishameza, huvisaga vilivyomo, na vinavyofaa vikatumika tena. Mwanafunzi mwingine akasema, kama mti unavyovuta nitrojeni yake kabla. Nikamwambia ndiyo, karibu hivyo, ila hapa anayeokoa ni jirani. Yule binti alikuwa ameinamia daftari lake, akichora mti.