Panga slaidi kwa maswali ya wanaokusikiliza

Kwa miaka kadhaa kazi yangu katika idara ya mipango ya halmashauri ilikuwa kupokea slaidi za idara zote na kuziunganisha ziwe wasilisho moja la kikao cha baraza la madiwani cha robo mwaka. Elimu wanaleta zao kwenye flashi. Afya wanatuma kwa barua pepe usiku wa kuamkia kikao. Ujenzi wanafika nazo asubuhi yenyewe, waheshimiwa wameshaanza kusaini mahudhurio. Mimi nabandika tu, moja nyuma ya nyingine, kwa mpangilio zilivyonifikia. Safari moja zilifika 138.

Tulikuwa tumepita slaidi ya 90, tuko kwenye barabara, diwani mmoja, mama mtu mzima, akasimama. "Mheshimiwa Mwenyekiti, naomba turudi kwenye zahanati ya kwetu. Nimeona jengo limefika asilimia 65, lakini fedha zake sikuziona." Swali lake lilikuwa la haki kabisa, na jibu tulikuwa nalo. Tatizo ni kwamba lilikuwa limetawanyika: jengo liko kwa watu wa afya, malipo yako kwa mweka hazina, habari za mkandarasi ziko kwa kitengo cha ununuzi. Nikaanza kurudi nyuma kwa mshale. Slaidi za elimu zilitengenezwa maandishi yaingie mstari kwa mstari, kwa hiyo kila moja ilitaka nibonyeze mara tano au sita ndipo iondoke. Ukumbi mzima ukawa unatazama mistari ya madawati ikifutika mmoja mmoja. Mwishowe Mwenyekiti akasema mheshimiwa atajibiwa kwa maandishi. Yule mama akakaa. Amesafiri kutoka kata ya mbali, jibu lake limo kwenye kompyuta iliyo mbele yangu, na anarudi kwa wananchi wake mikono mitupu. Jambo hilo liliniuma, na bado linaniuma.

Ukisimulia kisa kama hiki, wengi watakwambia slaidi zilikuwa nyingi mno, punguza. Kwa kikao cha namna hii sikubaliani nao. Halmashauri ina kata nyingi, na kila kata ina shule, zahanati, visima na barabara zake. Ukilazimisha yote yaingie kwenye slaidi 20, cha kwanza kukatwa ni mradi mdogo wa kata ya pembezoni, ambayo diwani wake ndiye mwenye hamu kubwa zaidi ya kuuona. Acha ziwe 138. Ila zigawanye.

PowerPoint, programu tunayotengenezea slaidi, ipo tangu 1987, na uwezo wa kugawa slaidi kwa sehemu uliingia katika toleo la 2010. Hata hivyo bado nakutana na watumishi wanaofungua programu hiyo kila wiki na hawajawahi kuugusa. Kule kushoto ambako slaidi zinaonekana ndogondogo, weka kipanya kati ya slaidi mbili, bofya kitufe cha kulia, chagua kuongeza sehemu, kisha ipe jina. Basi. Baada ya hapo unaweza kuzikunja sehemu zote zikabaki majina matupu, na wasilisho lote ukaliona kwenye kioo kimoja. Ukibofya jina, slaidi zote za sehemu hiyo zinachaguliwa kwa pamoja. Ukiliburuta jina, zinahama zote. Hata kuchapa unaweza kuchapa sehemu moja tu, ili Kamati ya Fedha, Uongozi na Mipango ipewe inayoihusu bila kubebeshwa rimu ya karatasi.

Hayo mtu anajifunza kwa robo saa. Kazi ni kuchagua majina ya sehemu, na hapo ndipo na mimi nilikosea mara ya kwanza. Niliandika Elimu, Afya, Ujenzi, Kilimo, Fedha. Faili likapendeza, lakini zahanati ya yule mama ikabaki mahali patatu vilevile, kwa sababu nilikuwa nimepanga kwa kufuata ofisi zetu zilivyo kwenye korido. Diwani hana shida na korido yetu. Yeye anauliza: fedha zilizokuja ni kiasi gani? Mradi wa kata yangu umefikia wapi? Nini kimekwama, na nani anakikwamua? Ile asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri inayotengwa kwa mikopo ya vikundi, yaani 4 za wanawake, 4 za vijana na 2 za watu wenye ulemavu, imemfikia nani?

Nikayageuza maswali hayo kuwa sehemu. Katika sehemu ya miradi nikapanga kwa kata, na kila mradi ukapata slaidi yake moja: picha, hatua ya ujenzi, fedha iliyopokelewa, iliyolipwa, na jina la mkandarasi. Wakuu wa idara hawakufurahi. Mmoja aliniambia waziwazi, "Kijana, umenichanganyia kazi yangu na ya wenzangu." Namwelewa, maana kila mkuu wa idara hupenda kusimama na kueleza ya kwake mwanzo hadi mwisho. Lakini kikao ni cha madiwani, na anayeuliza ndiye anayestahili kurahisishiwa. Kwa hiyo idara ziliendelea kuandaa slaidi zao kama kawaida, kila slaidi ikiwa na mwenyewe wa kuijibia, na mimi nikawa nazipeleka mahali pa swali.

Kingine kilichosaidia ni karatasi moja. Naorodhesha sehemu, chini yake kata, pembeni namba ya slaidi, na kila mheshimiwa anapewa nakala pamoja na kabrasha lake. Wasilisho likiwa linaonyeshwa, ukiandika namba ya slaidi kwenye kibodi kisha ukabonyeza Enter, unafika hapohapo bila kupitia za katikati. Hata slaidi uliyoificha hufunguka kwa njia hiyo, kwa hiyo mchanganuo wa malipo naweza kuuficha na kuufungua ukiulizwa. Matoleo mapya, kuanzia 2019, yanakuwezesha hata kuweka slaidi ya mbele yenye picha za sehemu zote, unabofya unayotaka. Ni nzuri, ila kompyuta za ukumbi wetu ni za zamani, na karatasi haijawahi kugoma.

Sharti lake ni moja: namba zisibadilike. Ndiyo maana faili linafungwa saa 10 jioni ya siku iliyotangulia. Anayechelewa, awe nani, slaidi zake zinakwenda sehemu ya mwisho inayoitwa Nyongeza. Ukikubali kuchomeka hata moja katikati, karatasi zote mikononi mwa waheshimiwa zimeshakuwa za uongo.

Robo iliyofuata yule mama alisimama tena. Safari hii alikuwa ameshika karatasi. "Mheshimiwa Mwenyekiti, naomba slaidi namba 64." Nikaandika 64, Enter. Zahanati ikatokea ukutani, bado haijaezekwa, na tarakimu za fedha pembeni yake. Akavaa miwani, akazisoma kwa sauti, akaziandika kwenye daftari. Kisha akamgeukia mhandisi akamuuliza mabati yako wapi.