Suruali Imebaki Gede

Kwanza tuweke sawa jambo moja: sikuwa uchi. Aliyewatumia ile klipu yangu ya kwenye magofu ya mji wa kale wa Gede amekata mwanzo, amekata mwisho, akabakisha zile sekunde anazozitaka yeye, kisha akaandika chini "mwanamume aokotwa magofuni". Aokotwa na nani? Nilikuwa nimesimama kwa miguu yangu mwenyewe, nimejisitiri kuanzia kiunoni. Mlichokishupalia ni kile nilichojisitiria, na kwa hilo sina la kukataa. Haya, kaeni niwape yote, maana hata mama mkwe wa jirani sasa anaijua nusu ya kisa.

Safari yenyewe mnaijua. Nusu yenu mlilipata lile tangazo kwenye kundi la mtaa: Mombasa hadi Malindi, mji mkongwe hadi mji mkongwe, kwenda na kurudi siku moja, chai, chakula cha mchana, viingilio na mwelezaji wa historia, vyote kwa bei ambayo ukienda nayo sokoni Kongowea hujazi kikapu. Mimi nikasema hii ni bahati. Jamaa yangu (ndiye yule mwenye klipu) akasema huu ni wizi. Tukalipa wote.

Tuliambiwa tukutane nje ya Fort Jesus saa kumi na mbili na nusu. Basi likatokea saa mbili. Lilikuwa basi la shule. Silitusi, ndivyo lilivyo: limepakwa rangi nyeupe, lakini jua likilipiga ubavuni herufi za shule zinasomeka bado, na viti ni vya watoto wa darasa la tatu. Nilipokaa, magoti yalinifika kidevuni. Mwelezaji wa historia naye alikuwa ni yule yule konda aliyetupokea pesa, ila sasa ameshika kipaza sauti. Akatwambia ngome ilianzwa kujengwa na Wareno mwaka 1593 na mchoro wake ni wa Mwitaliano, na hapo hakukosea. Kisha akatwambia tuiangalie vizuri kwa nje, kwa sababu kuingia ndani ni jioni tukirudi.

Tulirudi saa nne za usiku. Waomani waliizingira ngome ile kuanzia 1696 hadi 1698, watu wakafa kwa njaa na maradhi, lakini mwishowe waliingia. Sisi bado.

Basi tukaondoka. Utalii wa bei hii unafanywa kwa shingo. "Jumba la Mtwana, mkono wa kulia, kule nyuma ya miti." Tukageuka. Miti tukaiona. Mtwapa foleni ilituweka mpaka tukajuana majina, na mama mmoja wa makamo aliyekaa mbele yetu tukawa tushamwita Shangazi, anatugawia mabuyu. Tulipofika mashamba ya mkonge ya Vipingo, konda akatangaza chai. Nikadhani tutasimama. Hatukusimama. Mahamri yakapitishwa kutoka nyuma, na mbaazi za nazi zikapitishwa kwenye mabakuli yasiyo na vifuniko, tui zito, za moto, basi linakwenda.

Sasa sikilizeni jinsi mambo yalivyokuwa, maana hapa ndipo klipu haikuanzia. Jamaa yangu akaona mkonge umepangika vizuri, akataka kuupiga picha. Akaniambia, "Nishikie." Nikamshikia. Nina bakuli mkono wa kulia, bakuli mkono wa kushoto, hamri mdomoni, na magoti kidevuni. Mbele kuna tuta.

Suruali ilikuwa ya kaki, mpya, nimeinunua kwa ajili ya picha za mnara wa Vasco da Gama.

Kutoka hapo hadi Gede nilisafiri nimekalia mbaazi. Kilifi, konda alieleza kwamba daraja lilifunguliwa 1991 na kabla yake watu walikuwa wanavuka kwa feri, na kwamba Mnarani kuna magofu mazuri sana, dereva naye hata mguu hakuuondoa kwenye mafuta. Mimi sikuona kitu. Nilikuwa nahesabu matuta. Shangazi ndiye aliyenihurumia. Akafungua mkoba, akatoa kanga, akaniambia, "Chukua mwanangu, ukifika ujifunge, ufue hiyo, jua la Gede litaikausha mara moja." Nyekundu na nyeupe, nzuri, inanukia udi. Nikashukuru.

Wanaouliza kwa nini sikuisoma: wewe ukiwa na tui mapajani, unasoma?

Na wanaosema pwani mwanamume kujifunga nguo kiunoni si ajabu, ni kweli, lakini hiyo ni kikoi. Kwa kikoi ningetembea kifua mbele mpaka Lamu.

Gede tukashuka. Nikatafuta mfereji nyuma ya vyoo, nikafua, nikakamua, nikaitundika kwenye tawi la chini, nikaikunja ile kanga kiunoni nisijikwae. Kule kuikunja ndiko kulikoniponza, maana maandishi yalipanda juu yakakaa pale pale mnapopafikiria. Kisha nikaungana na wenzangu, kwa sababu nimelipa na historia lazima niipate. Hapa tulipewa mwelezaji wa kweli, mzee wa makumbusho mwenyewe, na wallahi yule mzee peke yake alistahili nauli yote. Alitupitisha kwenye jumba la mfalme, msikiti mkuu, visima, nyumba za mawe ya matumbawe zilizofukuliwa ndani yake vyombo vya Kichina na shanga za Venice. Watu waliuhama mji mwanzoni mwa karne ya 17, msitu ukaufunika. Akatuonyesha vyoo. Vyoo vya ndani ya nyumba, na mahali pa kujisafishia, vya karne hizo! Nikajiangalia na kanga yangu iliyolowa ncha nikaona watu wale wangenicheka.

Ndipo nikasikia Shangazi anasema, "Mwanangu, ile si suruali yako?"

Kima wa Gede mnawasikia tu. (Jamaa ameandika "nyani". Nyani ni mkubwa, angalau ningekuwa na kisingizio. Huyu alikuwa kima, na wala hakuwa kima mnene.) Alikuwa amekaa juu ya ukuta, suruali ameiweka mapajani, anainusa pale penye mbaazi. Nikapiga hatua, akapiga hatua. Nikasimama, akasimama. Nikakumbuka mfukoni mna noti ya elfu moja, nikakimbia.

Mwanamume aliyevaa kanga hakimbii. Anashika kanga kwa mkono mmoja na mkono mwingine anatishia hewa. Kima akapita juu ya ukuta, mimi nikapita chini yake, akaruka kwenye mti, akapanda tawi la kwanza, la pili, akakaa. Nikasimama chini ya mti, nimeinua mikono yote miwili, ile kanga nimeibana kwa viwiko, nambembeleza. Nilisema naye vizuri. Nilimwita ndugu yangu. Nilimwambia achukue suruali aache noti, kisha nikabadilisha nikamwambia achukue noti aache suruali. Yeye akatia mkono mfukoni, taratibu, akatoa kashata niliyokuwa nimeisahau, akabandua karatasi, akaonja.

Nilihisi kimya nyuma yangu.

Si kimya cha watu hawapo. Ni kimya cha watu wengi waliotulia. Nyuma yangu kuna lile kaburi lenye tarehe, 802 Hijria, yaani 1399, na mbele ya kaburi kulikuwa na watoto wa shule wamepangwa mistari, sare, daftari mkononi, mwalimu ametoka kuwaambia kila chenye maandishi wakisome. Mimi sikuwaona, nilikuwa nimewapa mgongo. Mgongo na yanayofuata chini yake.

Mmoja akaanza, kwa silabi, kama wanavyofundishwa. "Ja-po..."

Mwingine akamsaidia. "Si-pa-ti..."

Nikashusha macho kutoka kwa kima. Nikajaribu kukumbuka kanga ina nini. Nikapinda shingo kujiangalia nyuma, na ukijipinda hivyo kanga inajinyoosha, herufi zinazidi kuonekana. Basi darasa zima, kwa sauti moja, hadi ndege wakaruka: "JAPO SIPATI, TAMAA SIKATI!"

Mikono yangu ilikuwa bado iko juu. Naelekea mtini. Kwenye suruali.

Mwanafunzi wa mbele, mwenye miwani, akanyoosha kidole. "Mwalimu, hiyo ni methali au ni msemo?"

Mwalimu yule alikuwa mtu wa kazi yake. Mabega yanamtikisika, machozi yanamlengalenga, lakini akajibu. "Msemo." Na watoto wakaandika. Niliwaona kwa macho yangu wanaandika. Kuna daftari huko Kilifi zina Msikiti Mkuu, Kaburi la 1399, na mimi.

Hapo ndipo klipu inapoanza, na inaishia kabla ya jambo moja ambalo jamaa yangu amelificha kwa makusudi. Kima alimaliza kashata, akapekua tena, akatoa ile noti, akainusa, akaona haina nazi, akaiachia. Ikashuka ikipepea hadi miguuni kwa mtoto wa kike wa mstari wa mwisho. Akaiokota, akatembea mpaka nilipo, akainama kwa adabu zake zote: "Shikamoo. Pesa yako." Nikaitikia marahaba. Jaribuni nyinyi kuitikia marahaba katika hali ile.

Suruali haikushuka. Mzee wa makumbusho alikuja akaangalia juu, akatikisa kichwa, akanifariji kwamba kofia ya Mzungu fulani ilipandishwa mti ule ule na haijarudi. Gede iliingizwa kwenye urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2024, kwa hiyo mnaoniuliza suruali iko wapi, inatunzwa vizuri kuliko nyinyi.

Malindi nitaipita mbio. Chakula cha mchana kilikuwa viazi karai. Mnara wa Vasco da Gama uko kwenye ncha ya mwamba inayoingia baharini, upepo wa kusi unavuma pale hauna haya, na sitasema zaidi isipokuwa Waitaliano wawili walipiga makofi. Konda akaeleza kwamba Mreno alipofika hapa 1498, mfalme wa Malindi alimpokea akampa na mjuzi wa bahari wa kumfikisha Bara Hindi. Mimi nilikuwa nahitaji tu mtu wa kunifikisha duka la vikoi. Nilimpata, nikauziwa kikoi kwa bei ya mtalii, noti nzima ya kima ikaisha, nikarudi nimekaa kimya hadi Nyali.

Jamaa yangu anasema ataifuta klipu nikimrudishia gharama ya bakuli lake la mbaazi. Bado tunajadiliana.

Jana niliifua kanga, nikaipiga pasi, nikampelekea Shangazi kwake Kibokoni. Akaikataa. Akaingia ndani, akarudi na ile ya pili, mwenzake, maandishi yale yale, akanikabidhi zote pamoja akisema havunji doti kwa ajili yangu, na kwa vile habari imefika mpaka kwao hawezi tena kuivaa hiyo harusini. Nikazibeba nyumbani. Nilikuwa nimekusudia kuzificha chini ya godoro, lakini mama amezikuta kabla yangu, na tangu asubuhi swali lake ni moja tu: huyo msichana wa kanga kwao ni wapi, na lini twende kuposa.