Siku ya Kukabidhi

Jamani, mimi sina ugomvi na kalenda. Hata ile ya duka la pembejeo, yenye picha ya trekta ambalo sijawahi kuliona kwenye shamba la mtu, naishi nayo kwa amani. Tatizo ni mpwa wangu. Kijana anasoma chuo hapa hapa Dodoma, kahamia kwangu Nkuhungu eti vyumba vya jirani na chuo ni ghali. Anakula ugali wangu na mlenda wa mke wangu, halafu usiku, badala ya kusoma, anaunda dunia. Dunia nzima, ina milima, wafalme na majoka, na sasa ina kalenda yake. Kaibandika sebuleni kwenye karatasi ya manila. Imefunika ule ufa wa ukutani, kwa hiyo mke wangu kaipitisha bila mjadala.

Hiyo dunia yake wameitengeneza mafundi. Jua limefuliwa na mhunzi. Mwezi wa angani ni sinia la shaba. Kila baada ya siku 36 kuna mzee anapanda ngazi, analisugua kwa limau na majivu mpaka linang'aa, kisha linafubaa kidogo kidogo hadi giza, mzee anapanda tena. Nikamuuliza, "Ngazi ndefu hivyo, mbao zake za mti gani?" Akasema, "Mjomba, hii ni hadithi." Nikamwambia hadithi ni hadithi, mbao ni mbao.

Miezi iko kumi. Mwezi wa Mhunzi, wa Mwashi, wa Msusi, wa Mshonaji, huko. Kaweka hata Mwezi wa Mchonga Zeze, heshima kwa Wagogo wenyeji wetu, hapo nikampa mkono. Mwezi wa Mfinyanzi kila mtu anakula gaeni, hata mfalme.

Lakini siku 36! Mimi Februari yenye siku 28, ikifika katikati naanza kupita njia ya nyuma ili mama wa genge asinione. Tarehe 36 si nitapita juu ya mabati? Mke wangu akavuta kalamu, akagundua kwamba mwaka ukiwa na miezi kumi, kodi ya nyumba tutalipa mara kumi tu. Akafurahi, akapiga na kigelegele. Nikamkumbusha kwamba na mshahara utaingia mara kumi tu. Kigelegele kikakatika. Akasema hata hivyo mwenye nyumba hatakubali, kwa sababu tangu Serikali ihamie Dodoma mwenye nyumba ana kalenda yake, ambayo miezi sita ya kodi huisha kabla ya mwezi wa sita kuanza.

Miezi kumi ya siku 36 ni siku 360. Zinabaki tano, hizo anaziita Siku za Kunoa. Hakuna kazi, watu wananoa patasi na misumeno, na ni mwiko kumdai mtu. Nikataka kubisha, nikasema mwaka gani huo wenye masalia. Kijana akanijibu kwamba Waswahili wa pwani walihesabu mwaka wa Nairuzi hivyo hivyo: miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano juu. Na mpaka leo kule Makunduchi, Zanzibar, kwenye Mwaka Kogwa watu wanachapana kwa migomba kuupokea mwaka. Nikakosa la kusema, nikaomba chai.

Nikiwa na kikombe mkononi ndipo akanifikisha kwenye wiki. Wiki yake ina siku sita: Pima, Kata, Unga, Msasa, Rangi, Kabidhi. Siku ya Kabidhi kila fundi anampa mteja kazi yake, imekamilika, ina miguu yote minne. Kila wiki, bila kukosa.

Nikaweka kikombe chini. Nikamwambia, mjomba, joka linalotema moto nimekubali. Mzee anayesugua mwezi nimekubali. Lakini fundi anayekabidhi siku aliyosema? Hapo umevuka mpaka, wasomaji watakurudishia kitabu.

Maana mimi nina kabati kwa fundi. Nililiagiza zabibu zikiwa bado maua, zikavunwa, sasa zimeshavunwa za msimu wa pili. Siku ya Kupima fundi alikuja kabla ya saa aliyosema, penseli sikioni, akapima ukuta, akapima na dari ambayo haihusiki. Siku ya Advansi simu yangu aliipokea kabla haijaita. Baada ya hapo wiki ikaisha. Mara mninga umekuja mbichi, tunaukausha. Unaukausha? Dodoma? Hapa ukianika shati, ukigeuka kuchukua kibanio limeshakauka! Mara umeme ulikatika. Mara kijana wa msasa kaenda kwao kuvuna zabibu.

Nikamchukua mpwa wangu, twende akaone dunia ya mafundi yenyewe. Kabati tukalikuta nje, halina milango, vumbi limelipaka rangi ambayo sikuiagiza. Ubavuni limeandikwa kwa chaki: "Mzee wa Nkuhungu, J2." J2 ya lini, hakuna. Nikavuta droo ya juu, kuku akaniangalia. Ametaga humo, mayai yamepangwa vizuri kuliko kazi yoyote iliyofanyika pale.

"Mzee, karibu sana," fundi anasema, "nilikuwa nataka kukupigia."

Basi kijana akaanza kumweleza kalenda. Sijawahi kumwona yule bwana akisikiliza kitu namna ile. Kijana naye akanogewa, akafika mpaka mwaka 1582, Papa Gregory XIII aliporekebisha kalenda: kule Italia na Hispania watu walilala tarehe 4 Oktoba, wakaamka tarehe 15.

Fundi akaweka randa chini. "Hizo siku kumi katikati zilikwenda wapi?"

"Zilifutwa."

"Na aliyeahidi kazi tarehe 10?"

"Hiyo tarehe haikuwepo."

Fundi akatikisa kichwa taratibu, macho yamemlegea kwa raha. Kisha akauliza zile Siku za Kunoa zinaanza lini. Kijana akasema mwaka ukiisha. Na mwaka unaisha lini? Kijana akajikuna, akasema hapo bado hajaamua.

"Mzee wangu, umesikia mwenyewe," fundi akanigeukia. "Mwaka bado."

Kabla sijapata jibu, mpwa wangu alikuwa ameshaagiza rafu ya vitabu. Fundi akampima urefu hapo hapo, futi kamba inaruka. Wakakubaliana Jumapili. Advansi nimetoa mimi.