Tunachangia Jeneza, Hatuchangii Mgonjwa

Kijijini kwetu, kwenye milima ya Buhigwe, mkoani Kigoma, upande wa Manyovu, machela ya mianzi bado imening'inia jikoni kwa baba mdogo. Moshi umeifanya nyeusi, kamba zimeliwa na panya.

Mama alibebwa humo akiumwa, nikiwa mdogo. Wanaume wanne begani, wengine nyuma wakisubiri kupokezana, wanawake na mkeka na uji. Kila nyumba tuliyopita mtu alitoka, akapiga makofi taratibu, "Mwidiwe", salamu yetu Waha, akauliza nani amelala humo. Mwenye nguvu akaingiza bega lake. Hakuna aliyedai hata senti.

Siku hizi ni bodaboda: mgonjwa katikati, ndugu nyuma akimshikilia. Nashukuru kwa hilo. Safari ya nusu siku imekuwa chini ya saa moja, na anayetamani machela irudi hajawahi kuibeba kwenye udongo mwekundu masika ikinyesha.

Kinachoniuma ni nauli. Mwezi wa pili, saa nane usiku, jirani yetu alibisha hodi. Mwanawe anachemka kwa homa, anatafuta elfu kumi na tano. Kahawa bado mbichi mtini, nani ana hela? Alibisha nyumba tano ndipo zikatimia. Mtoto huyo angefariki, Mungu apishe mbali, kufikia asubuhi tungekuwa pale na maharage, kuni na daftari la michango. Kwa nini daftari linafunguliwa mtu akishakufa?

Wazee wanalaumu vijana na simu zao. Siafikiani nao. Operesheni Vijiji, ile ya serikali kuwahamishia watu kwenye vijiji vya ujamaa, ilipofika Kigoma mwaka 1972, babu alitolewa mlimani kwenye migomba yake akapangwa kando ya barabara, na majirani wapya asiowajua. Machela haikufa. Walikaa, wakapanga zamu upya, nyumba kwa nyumba. Basi zamu ile inaweza kuhamia kwenye pikipiki: kila nyumba elfu moja kwa mwezi, na kijana mmoja wa boda anayejulikana kuwa usiku huo ni wake, atalipwa na kitongoji.

Nimemweleza mwenyekiti. Amesema nilete hoja mkutanoni Jumapili, watu wakitoka ibadani. Daftari nimeshanunua, na elfu moja ya kwetu imeandikwa mstari wa kwanza.