Wakubwa Walipoelewana: Zanzibar kati ya London na Berlin

Habari za kugawanywa kwa mwambao wa Afrika Mashariki husimuliwa karibu kila mahali kwa namna moja: Uingereza na Ujerumani ziligombea, Zanzibar ilikuwa dhaifu, ikapondwa katikati ya ugomvi wao. Simulizi hii ina kasoro moja kubwa. Wakati wakubwa walipokuwa hawaaminiani, Zanzibar ilipumua. Ilikwisha walipoelewana.

Mwaka 1862 Uingereza na Ufaransa zilitia saini tamko la kuheshimu uhuru wa masultani wa Zanzibar na Maskati. Hapakuwa na mapenzi ndani yake. Kila mmoja alichelea mwenzake asije akamtangulia katika Bahari ya Hindi, na woga huo ukawa kinga ya Waarabu wa Unguja. Khedive Ismail, mtawala wa Misri, alipotuma kikosi kwa meli mwaka 1875 kikatwaa Barawa na Kismayu, Seyyid Barghash, Sultani wa Zanzibar, hakuwa na jeshi la kukifukuza. Alilalamika London, London ikambana Khedive, na kikosi kikarudi kilikotoka.

Kinga hiyo ilikuwa na bei. Mwaka 1873 Barghash alisaini mkataba wa kupiga marufuku biashara ya watumwa baharini na kufunga soko lake mjini, huku akitishiwa kwamba manowari zitakizingira kisiwa. Biashara ile ilistahili kufa na simtetei. Ila tangu siku hiyo kila mtu mjini alijua neno la mwisho linatoka kwa balozi wa Kiingereza, John Kirk.

Wanaomlaumu Barghash kwamba aliliacha bara bila utawala wana hoja nzito. Msemo wa kwamba zumari ikipigwa Unguja watu wa maziwa makuu hucheza ulikuwa wa kweli kwa biashara, si kwa utawala. Misafara ilitoka Bagamoyo ikafika Tabora na Ujiji, bendera nyekundu ya Sultani ilijulikana njia nzima, lakini ukiacha kambi ndogo ya askari kule Mamboya, serikali yenyewe haikwenda mbali na forodha za pwani. Carl Peters, Mjerumani aliyekuwa akitafuta makoloni, alipita katika pengo hilo. Mwishoni mwa 1884 aliingia Usagara, Nguru, Uzigua na Ukami akikusanya mikwaju ya kalamu kutoka kwa watawala kama Mangungu wa Msovero, ambao hawakuwa na njia ya kujua karatasi ile ya Kijerumani inasema nini. Akapata pia hati ya Salim bin Hamed, mtu aliyewahi kuwa mwakilishi wa Sultani Nguru, iliyosema kwamba Sultani hana mamlaka huko bara. Hati hiyo inaonyesha jinsi dola ilivyokuwa imelegea hata mtumishi wake kuweza kutumiwa kuikana.

Hoja hii naikubali nusu. Nusu ya pili inanishinda, kwa sababu ya yaliyotokea 1885.

Mkutano wa Berlin ulifungwa Februari 26, na kesho yake Kaiser, mfalme wa Ujerumani, akaipa kampuni ya Peters hati ya ulinzi juu ya nchi zile. Barghash alipinga kwa simu ya maandishi kwenda Berlin kwenyewe. Agosti 7 kundi la manowari za Kijerumani likatia nanga mbele ya kasri yake, akatakiwa aondoe pingamizi lake. Wajerumani walimleta pia dada yake, Salme, aliyekuwa ametoroka Unguja mwaka 1866 na kuolewa na mfanyabiashara wa Hamburg. Madai yake ya urithi yalikuwa ya kweli, lakini Bismarck, kansela wa Ujerumani, alimtumia kama fimbo, na Sultani alipolegea mama wa watu akasahauliwa.

Uingereza, mlinzi wa miaka yote, ilikuwa wapi? Ilikuwa na shida zake. Tangu ilipoikalia Misri mwaka 1882 ilihitaji kura ya Ujerumani katika mambo ya madeni ya Misri, na Machi 1885 Warusi walipigana na Waafghani huko Panjdeh hata vita vya Uingereza na Urusi vikaonekana viko mlangoni. Gladstone, waziri mkuu wa Uingereza, alisimama bungeni mwezi huohuo akawaombea Wajerumani heri katika kutafuta makoloni. Kirk, aliyekuwa amemshauri Barghash miaka yote ategemee Uingereza, akapokea agizo la kumshauri akubali. Hapo, kambi za askari bara zingesaidia nini? Hata kama bendera ingepeperuka kila kijiji cha Usagara, London ilikuwa imekwisha kuamua kwamba Berlin isiudhiwe.

Kisha ikaundwa tume ya kutafuta mipaka ya nchi ya Sultani. Muingereza alikuwamo, naye ni Kitchener, Mjerumani alikuwamo, Mfaransa alikuwamo. Sultani, mwenye nchi inayopimwa, hakuwa na mjumbe mwenye sauti. Wakapita mji kwa mji wakiuliza nani anatoza ushuru, nani anaweka liwali. Berlin ilishikilia kwamba yahesabiwe yale tu ambayo wajumbe wote watatu wanakubaliana, na kwa kanuni hiyo anayetaka kidogo kuliko wenzake ndiye anayepanga mpaka. Mapatano ya mwisho wa 1886 yakamwachia Sultani visiwa, miji kadhaa ya kaskazini, na ukanda wa maili 10 kutoka baharini. Bara likakatwa kwa mstari kutoka mto Umba, ukaizunguka Kilimanjaro kwa kaskazini, hadi Ziwa Viktoria: kusini Mjerumani, kaskazini Muingereza. Barghash alikubali Desemba, baada ya mambo kwisha. Alifariki Machi 1888.

Upande wa pili husema: bila Uingereza, Wajerumani wangechukua hata Unguja mwaka 1885, kwa hiyo maili 10 ni bora kuliko sifuri. Ni kweli kwa mwaka ule. Lakini maili 10 hizo zilidumu muda gani? Aprili 1888 Sultani Khalifa alilazimika kuwakodishia Wajerumani sehemu ya kusini. Agosti kampuni yao ilipokwenda kupandisha bendera yake Pangani na kujifanya bwana wa mji, watu wa pwani wakaamka na silaha, Abushiri bin Salim akiwaongoza Pangani na Bwana Heri akiwaongoza Saadani. Hasira yao iligusa na Sultani aliyewakodisha bila kuwauliza. Hili wanaoililia dola ya Busaidi, ukoo wa masultani wa Unguja, hawapendi kulitaja: kwa wengi wa Mrima, yaani pwani ya bara inayoelekea Unguja, Unguja nayo ilikuwa mtawala wa kutoka ng'ambo. Abushiri alinyongwa Pangani Desemba 1889.

Julai 1890 vikaja vya kumalizia. Wengi husema Ujerumani ilibadilisha Zanzibar kwa Heligoland, kisiwa kilichokuwa cha Uingereza. Haikuwa na Zanzibar ya kutoa. Ilichotoa ni ridhaa yake Uingereza iweke himaya Unguja na Pemba, pamoja na kuiachia Witu, nchi ndogo karibu na Lamu. Yenyewe ikabaki na pwani ya kusini, ikamlipa Sultani marki milioni 4. Ufaransa ikakumbusha lile tamko la 1862. Je, ililikumbusha ili kuutetea uhuru wa Zanzibar? Agosti hiyohiyo ikanyamaza baada ya Uingereza kuitambua himaya ya Kifaransa Madagaska. Ahadi iliyokuwa kinga kwa karibu miaka 30 iligeuzwa fedha ya kununulia nchi nyingine.

Zile marki zilikuwa kama paundi 200,000. Mwaka 1895 Uingereza ilipoamua kuinunua kampuni iliyokuwa ikiendesha pwani ya Kenya, bei ikiwa paundi 250,000, ilizichukua fedha hizohizo za Zanzibar na kuongeza 50,000 tu kutoka kwake. Sultani aliuziwa pwani yake moja, na malipo yake yakatumika kumwondoa mpangaji katika pwani ya pili, ambayo nayo ikapangishwa kwa Waingereza wenyewe kwa paundi 11,000 kwa mwaka, na 6,000 nyingine kama riba ya fedha yake.

Kuna wanaosema Barghash angewachezesha: amkaribishe Mjerumani dhidi ya Muingereza, apate nafuu kwa wote wawili. Njia hiyo ilijaribiwa jirani kabisa. Ahmed Simba wa Witu, adui wa Busaidi, aliwakaribisha Wajerumani mwaka 1885, wakamtetea, na kwa miaka mitano ujanja wake ulionekana umefaulu. Berlin na London zilipopatana, Witu ikakabidhiwa kwa Waingereza bila mtawala wake wa wakati huo, Fumo Bakari, kuulizwa. Oktoba 1890, baada ya Wajerumani kadhaa kuuawa huko, askari wa Admirali Fremantle waliuteketeza mji.

Kwa hiyo lawama yangu kwa Barghash ni ndogo kuliko inavyozoeleka. Alilegea bara, na aliweka imani yake yote kwa balozi mmoja ambaye naye alikuwa mtu wa kutumwa. Lakini Zanzibar iliyomtegemea mkubwa mmoja na Witu iliyowachonganisha wawili zilifika mahali pamoja katika mwaka mmoja, kwa mkataba mmoja.